Mama Mkwe wa Bandung

Hallunda, 15 Septemba 2024

Baba,

Shikamoo. Natumaini barua hii inakukuta mzima, na lile goti limepunguza ukorofi. Mimi sijambo. Baridi yenyewe bado, ila asubuhi nikitoka naona pumzi yangu hewani, kwa hiyo iko njiani.

Utashangaa kuona barua ndefu. Kwenye simu sisi wawili tunasalimiana, tunaulizana kama mvua imenyesha, halafu mmoja anasema haya, wasalimie, basi. Tangu Mama afariki hakuna wa kunyakua simu na kuuliza swali la pili. Leo nina ombi, na nimeona ombi hili kwenye simu litanikwama.

Unajua nafanya kazi huku ughaibuni, Kista, kwenye maofisi ya kompyuta, ila sidhani kama niliwahi kukueleza tunafanya nini. Kampuni yetu ni ndogo, watu kumi na mmoja. Tunachukua video za nchi moja tunazitia maneno ya nchi nyingine, na mwaka huu kazi kubwa inatoka Indonesia. Mwenzangu wa meza ya pili, Ratri, ni mzaliwa wa mji wa Bandung. Anasema dada yake alianza kujirekodi jikoni kwa simu wakati wa korona, akiigiza majirani wanaogombana, na leo ana wafanyakazi kumi na wanne na gari la kubebea taa. Siku hizi watengenezaji wa kwao hawangoji televisheni. Wanatengeneza tamthilia za simu, kipindi dakika saba au nane, mtu anamaliza akiwa kwenye foleni ya benki. Vichekesho, mizimu, mapenzi, mapishi, kila kitu kina watazamaji wake. Sasa wanataka kuvuka bahari, na moja ya lugha walizochagua ni Kiswahili.

Tamthilia waliyotupa inaitwa Warung Bu Tarmi. Warung ni mgahawa kama wa mama lishe wetu. Mama Tarmi ni mjane, mpishi hodari, ana ulimi mkali. Mkwewe, Lestari, anamrekodi kwa siri anavyowagombeza wateja na kuziweka video mtandaoni. Mama Tarmi anakuwa maarufu nchi nzima bila kujua. Anachoona yeye ni watu wanatoka mbali kuja kula kwake, na wasipotukanwa wanaondoka wamenuna.

Tulijaribu sauti ya kompyuta. Tukawaalika Milly, dada Mganda anayekaa Hässelby, na Désiré, Mkongomani wa jengo langu, watazame watupe maoni. Pale Mama Tarmi analia kwenye kaburi la mumewe, kompyuta ikasema "mume wangu umeniacha na nani" kama mtu anayetangaza kwamba treni imechelewa. Désiré alicheka mpaka akatoka nje. Bosi wetu, Rebecka, akasema basi tutafute binadamu. Nikamwambia namfahamu fundi mmoja Bukoba.

Baba, tutafsirie. Kama ulivyokuwa ukizitafsiri filamu kibandani.

Mwanao,
Veronica

*

Bukoba, 21 Septemba 2024

Mwanangu Veronica,

Marahaba. Nimeisoma barua yako mara mbili, ya pili nikiwa nimevaa miwani. Goti ni lile lile, tumezoeana. Kahawa imeuzwa, migomba imesimama vizuri, na ng'ombe wa jirani ameacha kuingia shambani tangu nilipoweka seng'enge.

Nimefurahi kujua kazi yako. Watu wakiniuliza nilikuwa nasema "yuko kwenye kompyuta", wakiendelea kuuliza nabadilisha mazungumzo.

Kuhusu ombi lako, hapana, mwanangu. Kile kibanda umiza sasa ni stoo ya saruji. Nilikifunga kwa sababu kila mtu alinunua simu yake, akawa anatazama peke yake, waya masikioni. Siku ya mwisho nilitafsiri filamu ya Kichina mbele ya watu wanne, na mmoja alikuwa amekuja kukwepa mvua. Nikazima maikrofoni. Ni hiyo hiyo simu iliyonifukuza kazini, leo unaniambia niingie ndani yake.

Halafu sauti nayo imezeeka. Siku hizi naitumia kanisani kuitikia tu.

Mtafute kijana, wako wengi Dar es Salaam. Usinune.

Baba yako,
Ladislaus

*

Hallunda, 22 Septemba 2024

Baba,

Shikamoo. Sijanuna. Nashukuru goti limekuzoea.

Nimekutumia vipindi vinane vya mwanzo, bonyeza hapo chini vitafunguka. Sikuombi kazi. Tazama tu kama mtazamaji, maana najua jioni huna la kufanya zaidi ya kubishana na redio. Ukiona havifai, niambie, nitamwambia Rebecka atafute kijana.

Mwanao,
Vero

*

Bukoba, 10 Oktoba 2024

Mwanangu Vero,

Hujambo huko? Sisi wazima. Samahani kwa kunyamaza wiki mbili na zaidi, nilikuwa Bandung.

Nimetazama vyote vinane, nikarudia, nikamwita Dominic, mwalimu wetu wa kwaya, naye akatazama, tukarudia. Mara ya tatu nilifumba macho nikasikiliza tu. Veronica, mbona hukuniambia hawa watu ni ndugu zetu? Mama Tarmi anagonga meza anaiita *meja*. Habari ni *kabar*. Wakati ni *waktu*, sabuni ni *sabun*, karatasi ni *kertas*. Dunia ni dunia vile vile, na bendera ni bendera. Nilimwambia Dominic, hii ni lugha ya binamu yetu aliyepanda meli zamani akasahau nusu ya maneno njiani.

Na yule mama namfahamu. Sio yeye, ila namfahamu. Ni shangazi yako Pulkeria kabisa, vile anavyompa mtu chakula huku akimwambia hastahili kula. Lestari naye si mbaya, anampenda mama mkwe wake ila hajui kumwambia usoni, ndiyo maana anajificha nyuma ya simu.

Sasa sikiliza. Kwa utani nilimwambia Dominic apunguze sauti ya video, nikajaribu kipindi cha kwanza. Nilidhani kifua hakitafika dakika ya pili. Tulipomaliza, mke wa Dominic na wanakwaya sita walikuwa wamesimama dirishani, na mmoja akaniuliza kipindi cha pili ni lini.

Nitafanya. Tutarekodi kwenye chumba cha kwaya, Dominic ana maikrofoni nzuri na ameegemeza magodoro ukutani. Tatizo ni mvua juu ya bati. Ikianza tunaacha, ikikatika tunaendelea, kwa hiyo usinipe saa za Kizungu.

Wako,
Baba

*

Hallunda, 3 Novemba 2024

Baba yangu,

Shikamoo. Umelalaje na kazi hii yote? Mimi niko salama, ila saa kumi jioni huku ni giza tayari, na safari ya kutoka Kista hadi Hallunda naifanya nikikusikiliza wewe. Juzi nilipitiliza kituo.

Vipindi vitano vimefika. Jana niliwakusanya tena Milly na Désiré nyumbani kwangu, nikapika ndizi, tukatazama. Nikuambie ukweli: Milly alishika tumbo. Kipindi cha pili, pale Mama Tarmi anavuta pumzi kabla hajamvaa yule mteja wa supu, uliposema "mwenye bando dogo apumzike hapa, mama anaanza", aliomba nirudishe mara tatu. Na pale kaburini, uliponyamaza kabisa ukamwacha mama alie kwa Kiindonesia chake, halafu taratibu ukasema, "Anamwambia mumewe: umeniacha na mkwe anayekaanga samaki bila kumwosha, nani atanielewa?" Désiré alicheka, kisha akasema amemkumbuka mama yake Bukavu. Mtu yule yule aliyetoka nje kwa kicheko mwezi wa tisa.

Wiki ijayo Rebecka atakupigia simu ya video akufahamu. Ni mtu mzuri, anaongea Kiingereza polepole. Usiwe na wasiwasi.

Mwanao,
Vero

*

Bukoba, 17 Novemba 2024

Mwanangu,

Salaam. Hapa afya njema. Senene wameanguka wiki hii, wengi kuliko mwaka jana. Tulikuwa katikati ya kipindi cha saba Dominic akaona dirishani, akavua vipokea sauti, na chumba kizima kikanikimbia na ndoo kwenda kuwaokota. Nimebaki nasema peke yangu, na hiyo imo kwenye rekodi, mtaikata huko.

Rebecka alinipigia. Kiingereza changu nilichookota ujanani Masaka, Uganda, kilitosha. Ni mama mwenye adabu. Alisifu sauti, kisha akasema kuna shida: amelinganisha, na theluthi moja ya maneno ninayosema haimo kwenye maandishi ya wenyewe. Anataka nifuate maandishi. Nikamwambia, mama, mimi si karani wa mahakama. Nikifuata karatasi, yule mtu wa Muleba ambaye hajawahi kuona warung ataona watu wanafungua vinywa tu. Kazi ya mtafsiri ni kumshika mkono amwingize ndani, akae, asikie harufu. Akasema anaelewa lakini ana mkataba na wenye mali, na kwamba watakutana nao kuamua. Tumeachana vizuri. Nimesimamisha kurekodi mpaka nijue uamuzi, kwa sababu kazi ya kukatwa katwa sitaiweza.

Mwishoni aliniuliza, wewe na Veronica mmejuana vipi? Aliuliza hivi hivi, kwa upole. Nikaona kumbe hujamwambia. Basi nikamjibu, ni binti wa jirani yetu, namfahamu tangu mdogo.

Nakueleza ili mkiongea msipishane.

Nguo nzito unazo za kutosha?

Baba yako

*

Hallunda, 9 Desemba 2024

Baba,

Shikamoo. Mimi mzima wa mwili. Wiki tatu nimeanza barua hii na kuifuta. Simu zako mbili niliziona, nikashindwa kuzipokea. Nisamehe.

"Binti wa jirani." Nilisoma maneno hayo kwenye treni nikashuka Liljeholmen, kituo ambacho sina shughuli nacho, nikakaa kwenye benchi.

Sijui kama unakumbuka, na kama unakumbuka hujawahi kusema. Nilikuwa kidato cha tatu, kule kwa masista. Ulikuja siku ya wazazi na sukari na karanga. Wasichana wa mjini waliitambua sauti yako ulipokuwa unasalimiana na mlinzi, maana wote walikuwa wamekusikia ukipita na baiskeli na kipaza sauti, ukitangaza filamu za jioni. Wakaanza kukuiga. Mmoja akaniuliza, yule wa kibanda umiza ni nani wako? Nikasema, ni jirani yetu, ametumwa na baba aniletee sukari. Ulikuwa hatua tatu nyuma yangu. Nilipogeuka ulinipa mfuko, ukasema "Baba yako anakusalimu," ukaenda zako.

Miaka kumi na saba nimejiambia labda hukusikia, labda ulikuwa unatania. Na mwaka huu nimerudia. Ofisini nilisema "fundi mmoja wa Bukoba". Nilijidanganya kwamba naogopa kuambiwa naingiza ndugu zangu kazini. Hiyo ni sehemu. Sehemu nyingine ni yule msichana wa kidato cha tatu, alikuwa bado yumo.

Sasa nikueleze Alhamisi ilivyokuwa.

Tulikaa kwenye mkutano, Rebecka, Ratri na mimi, na kwenye skrini alikuwa Bwana Yayan, mwongozaji wa Warung Bu Tarmi, akiwa Bandung, nyuma yake watu wanabeba mataa. Rebecka akaeleza kwa heshima kwamba mtafsiri wa Kiswahili anaongeza maneno, na kwamba kampuni iko tayari kuyaondoa. Bwana Yayan akaomba asomewe. Ratri akachukua tafsiri yangu ya Kiingereza, akaanza kuyarudisha kwenye Kiindonesia, moja moja. Alipofika kwa samaki asiyeoshwa, Bwana Yayan aliinamisha kichwa, tukadhani amekasirika. Alipoinua, alikuwa anafuta machozi ya kucheka.

Akasema, "Huyu ni dalang."

Rebecka akauliza dalang ni nini. Ratri akamweleza: kwao kuna mtu anayekaa na vikaragosi, peke yake, anasema sauti zote, mfalme, mtumishi, shetani, na katikati ya hadithi ya kale anachomeka utani wa habari za wiki hii na kumsema mwenyekiti wa kijiji aliyekaa mstari wa mbele. Asipoongeza chochote, watu wanaenda nyumbani.

"Babu yangu alikuwa dalang," Bwana Yayan akasema. "Sikujua kama na nyinyi mnao. Msimkate hata neno moja. Mmempata wapi?"

Rebecka akaniangalia. Baba, nilijiona kama nimeitwa ubaoni. Nikasema, "Ni baba yangu."

Rebecka akasema, "Lakini yeye aliniambia wewe ni binti wa jirani."

"Alikuwa ananisitiri," nikasema. "Ni mimi nilianza kumwita jirani."

Nikawaeleza yote, mbele ya skrini, na kibanda, na baiskeli, na siku ya wazazi. Sikutegemea kueleza yote, yalitoka tu. Rebecka hakusema neno kuhusu kuingiza ndugu kazini. Alisema baba yake alikuwa mchuuzi wa samaki kwa mkokoteni huko kwao kaskazini, na yeye shuleni alikuwa akivuka barabara akisikia kengele yake. Ratri alinishika mkono chini ya meza.

Uamuzi ni huu: wanaotaka maandishi ya chini yaliyo sawasawa watayapata, na wanaotaka sauti watakupata wewe, mzima, bila kukatwa. Vipindi kumi vya kwanza vinatoka Krismasi.

Sina la kuongeza ila naomba radhi. Ya mwaka ule na ya mwaka huu. Ukitaka kunijibu kwa ukali, nimestahili.

Mwanao, na si wa jirani,
Veronica

*

Bukoba, 8 Januari 2025

Mwanangu Veronica,

Heri ya mwaka mpya. Hujambo? Umekula nini Krismasi? Sisi tulichinja, na shangazi yako Pulkeria alikuja, kwa hiyo tulikula huku tukigombezwa.

Usidhani nilichelewa kujibu kwa hasira. Nilianza kujibu siku ile ile, nikaona nikuandikie ukweli mzima, na ukweli mzima unachukua muda kwa mtu anayechapa kwa kidole kimoja.

Nilisikia. Niliumia kutoka getini mpaka stendi. Nyumbani mama yako aliniuliza, amefurahi kukuona? Nikamwambia amefurahi sana. Sikumwambia kamwe.

Lakini kuna jambo hukuwahi kulijua. Nilipokuwa Masaka, nikijifunza kutafsiri kwa yule Mganda mwenye video, nilimwandikia marehemu babu yako kwamba niko kwa fundi seremala. Mzee alikuwa katekista, video kwake ilikuwa kazi ya wahuni. Kila likizo nilikuja na kigoda nilichonunua sokoni, nikasema nimekitengeneza mimi. Alikuwa akiwaonyesha wageni vigoda vile. Alikufa akijua mwanawe ni seremala. Kwa hiyo siku ile stendi, baada ya kuumia, nilijikuta nacheka peke yangu, watu wakaniangalia. Nilijiambia, Ladislaus, deni la vigoda limelipwa. Tangu siku hiyo sikuwa na neno na wewe. Nilinyamaza kwa kuwa sikujua namna ya kulisema bila kukuaibisha, na kunyamaza kukawa mazoea yetu. Hapo tulikosea wote.

Nimekusamehe zamani. Sasa nimekusamehe kwa maandishi.

Habari za huku. Tulimalizia kurekodi vipindi vilivyobaki, na vilipotoka Dominic alileta televisheni ya parokia, tukaiunganisha na simu, tukaweka viti uani kwangu. Nilitegemea watu ishirini. Walikuja mpaka wengine wakasimama shambani kwenye migomba. Wengi wao wana simu mfukoni, wangeweza kutazama kitandani kwao. Nikamuuliza mama mmoja, mbona umetembea mpaka hapa na video unayo? Akasema, "Kucheka peke yangu naona kama naumwa."

Watu wa Mwanza wamenipigia. Mtu wa Lubumbashi ameandika kwamba Kiswahili changu ni kizuri ila mara nyingine nakisema haraka mno. Vijana hapa mtaani sasa wakigombana wanaambiana "usiniletee Bandung".

Barua ya Rebecka nimeipata. Anataka sehemu ya pili nije kuirekodi huko Kista, mwezi wa Mei, na amesema Bwana Yayan naye atakuwepo. Nilimuuliza daktari, akasema goti halikatazwi ndege. Nimemjibu Rebecka kwamba nakubali, nimeanza habari za pasipoti, picha nimepiga nikiwa nimekunja uso kama walivyotaka. Nitakuletea senene kama wataniruhusu nao. Wasiporuhusu nitawala uwanja wa ndege mbele yao.

Jambo moja tu. Siku ukinipeleka ofisini, usihangaike kunitambulisha kwa mtu. Nina miaka ishirini na miwili ya kujitambulisha kwenye maikrofoni. Nitasimama mlangoni niseme: mimi ni baba yake Veronica. Halafu wazime taa, tuanze.

Baba yako,
Ladislaus